Mikaeli Asiye na Mabawa

Mama yangu hajibu swali kabla hajajua nani anauliza. Ukimuuliza saa ngapi sasa, atakutazama kwanza, kisha atasema, "Nani anauliza?" Hata kama mmekaa wawili tu jikoni. Tulipokuwa wadogo tulimcheka. Nilipoingia kwenye biashara ya nguo nikaona kumbe alikuwa ananipa mtaji. Nimekwenda Guangzhou mara nyingi kiasi kwamba muuza tambi wa karibu na hosteli huniwekea pilipili bila kuniuliza, lakini sijawahi kununua robota la jinzi bila kulipasua mwenyewe na kuzamisha mkono mpaka chini. Suruali za juu huwa zimewekwa pale kukutongoza. Za chini ndizo utakazokwenda kuuza Sumbawanga.

Safari hiyo mama alinipa mzigo usio wa jinzi. Kaka yangu ni askari, na miaka michache nyuma alipelekwa Kongo pamoja na wale wa kofia za bluu. Muda wote aliokuwa huko mama aliishi kwa chai na rozari. Ndipo akaweka nadhiri: mwanawe akirudi mzima, atakipa kigango chetu sanamu ya Malaika Mkuu Mikaeli, kubwa kuliko mtu, maana kigango kina jina lake na ukutani hakina kitu zaidi ya picha iliyokatwa kwenye kalenda. Kaka akarudi mzima. Nadhiri ikakaa. Mara paa limevuja, mara magoti ya mama, mara ada za wajukuu. Kisha kaka akaambiwa ajiandae tena, nchi ile ile.

"Mikaeli ananikumbusha," mama alisema, na hakuwa anatania. Aliitaka sanamu isimame kanisani na kubarikiwa kabla mwanawe hajapanda ndege. Maana yake ilikuwa ni lazima iingie kwenye kontena langu la safari hiyo, wala si la safari itakayofuata. "Ukirudi bila Mikaeli," aliniambia, "usipite kwangu, pitiliza kwako."

Kontena lenyewe si langu peke yangu. Huwa nachangia na mwenzangu mmoja wa Bukavu, Kongo hiyo hiyo, mama wa makamo aliyesomeshwa na masista, anayesali kwa Kifaransa, anagombania bei kwa Kiswahili na kuhesabu kwa Kichina. Hosteli tunalala chumba kimoja. Yeye anapika sombe, kisamvu cha kwao, mimi maharage, na kila mmoja anasema chakula cha mwenzake hakina chumvi. Kwa miaka yote hiyo sikuwahi kumwambia kwamba nina kaka askari. Kaka hakufanya baya lolote ninalolijua. Ila bunduki ni bunduki, na kwao ni kwao, na mtu wa Kivu hujui ni nani amemlia nini. Aliwahi kuniuliza kama nina ndugu wa kiume. Nikasema ninaye mmoja, mtumishi wa serikali.

Duka la sanamu lilikuwa kwenye soko la mapambo, lile wanakonunua watu wa mahoteli: simba wa kukaa getini, wanawake wenye mitungi, malaika wanene wa kutema maji. Mwenye duka, lobani kama tunavyowaita wote wanaokaa nyuma ya meza, alikuwa mwanamke mwembamba mwenye kikombe cha chai kisichoisha. Nikaiambia simu initafsirie: askari wa Mungu, ana kofia ya chuma, ana mkuki. Akakubali papo hapo. Hilo peke yake lingetosha kunishtua, kwa sababu katika mji ule anayekubali haraka ama hajakuelewa, ama amekuelewa kupita kiasi.

Alitupeleka, mimi na mwenzangu wa Bukavu, nyuma ya duka, akavuta nailoni. Palikuwa na jibaba la faiba lenye kofia ya manyoya, dirii kifuani, kisketi kifupi, ndara za kamba na mkuki. Nikaona ndiye yule yule wa kwenye kalenda. Ndevu tu ndizo zilizonikwaza kidogo, nikajiambia labda amezeeka, vita vyake na shetani ni vya siku nyingi. Mabawa hayakuwepo, na hilo halikunisumbua hata kidogo. Kule kila kitu huja vipande vipande. Meza huja bila miguu, feni huja bila mapanga. Nilidhani mabawa yana boksi lake na skrubu zake. Chini ya miguu paliandikwa MARS, nikadhani ni jina la kiwanda.

Mwenzangu, niliyemchukua ili tuwe wawili wa kuvuta bei, aliizunguka ile sanamu kimya.

"Dada, mabawa yake iko wapi?"

"Yanakuja peke yake, kwenye boksi."

"Boksi?" Akashika kiuno. "Non, dada. Ule hapana Saint Michel. Ule njo Mars."

"Hilo jina la kiwanda."

"Kiwanda gani! Ni mungu ya vita ya Baromani. Ba soeurs balitufundisha ku lycée. Mardi njo siku yake."

Mardi ni Jumanne, na Jumanne ndiyo siku ya sala ya jumuiya yetu. Lobani, aliyeona tu kwamba wateja wanabishana, alifanya anachofanya kila lobani: alileta kingine. Akavua nailoni ya pili. Huyu alikuwa kijana asiye na ndevu, ana kofia na ngao, na zaidi ya hapo hakuwa na uzi mwilini. Chini yake paliandikwa ARES.

"Sem sem, pengyo!" lobani alisema kwa Kiingereza cha sokoni, akiniita rafiki kama wanavyotuita wote. Akaonyesha kidole kimoja, kisha viwili. Mtu mmoja, nchi mbili.

"Ni yeye na hapana yeye," mwenzangu akasema. Akaeleza, na alipoeleza aliacha utani. Huyu wa uchi ni wa Wagiriki, na wao wenyewe hawakumpenda. Hata baba yake hakumpenda. Alikuwa anapenda damu na makelele, nani ameshinda si shauri lake. Warumi wakamchukua huyo huyo, wakamvisha, wakamwita Baba. Walisema aliyejenga mji wao alikuwa mwanawe. Kabla ya kulima walimwomba alinde mashamba na ng'ombe. "Lakini mkuki," alisema, na akaugusa kwa kucha, "mkuki ni ile ile."

"Wewe unamjuaje sana mungu wa vita?"

"Nani mutu ya Bukavu asimujuwe?" Akacheka. Sikukipenda kicheko kile.

Nieleze nilivyofikiri, maana kichwa changu kilianza kazi. Ukipita Zhanqian Road utaona watu wanamvuta mteja kwa mkono wa shati: usinunue hapa, twende kwa ndugu yangu. Anayeponda mali ya duka moja ana cha juu kwenye duka la pili. Halafu kuna nafasi ya kontena. Sanamu ile ikitiwa kreti ya mbao ingekula nafasi ya marobota, na marobota ya mwisho kupakiwa siku zote yalikuwa ya kwake. Nikasubiri aseme analijua duka jingine. Hakusema. Wala hilo halikunituliza. Mjanja hana haraka.

Tukiwa kwenye treni ya kurudi, aliniuliza, "Mama yako anamutafuta Mikaeli ya nini?"

"Ni nadhiri."

"Nadhiri ya nini?"

Nilikuwa nimechoka na joto, na hasira ya ndevu zile ilikuwa bado haijaniisha. Nikajibu kabla sijajizuia. "Kaka yangu alirudi salama kutoka kwenu."

Alikuwa anamenya chungwa. Mkono ukasimama.

"Ni soldat?"

"Mm."

"Alikuwa pahali gani?"

"Huko huko."

"Huko kubwa, dada. Goma? Beni? Na atarudia?"

Nikamwambia sijui. Nilikuwa najua kwamba atarudi. Sikujua atapelekwa mji gani, lakini hata ningejua nisingesema. Akanipa kipande cha chungwa, nikala. Kwa nini mtu aulize askari atakuwa wapi? Mama alitulea kwenye swali hilo. Nani anauliza?

Kesho yake tulikwenda Xintang kukagua jinzi, na huko ndiko shaka ilikoota mizizi. Mimi nikiwa nimezamisha mkono kwenye robota mpaka begani, nilimwona amejitenga nje karibu na mapipa ya rangi, anaongea na simu kwa Kishi cha kwao, sauti ya chini, ameupa uwanja mgongo. Kishi sikijui. Ila nilisikia "Tanzanie", na baada ya muda nikasikia tena "Tanzanie". Aliponiona akakata simu.

"Nani huyo?"

"Hapana mutu."

Hapana mtu! Nilisaini mzigo bila kuhesabu vizuri vifungo, jambo ambalo halijawahi kunitokea. Usiku nililala na pasi yangu ya kusafiria chini ya mto, ingawa hata mimi nilijua kwamba pasi haina uhusiano wowote na jambo hilo. Nilimwogopa. Mwanamke niliyekula naye sufuria moja, nikamwogopa.

Na bado Mikaeli hakuwa amepatikana. Tulizunguka maduka mengine, kila mahali ni "meyo", hakuna, hakuna. Kuchonga mpya kungechukua muda ambao kontena halikuwa nao. Mama akapiga simu kuuliza Mikaeli ana urefu gani ili fundi ajenge jukwaa lake. Nikamwambia ni mrefu sana. Aliposhangilia, niliona aibu na hasira kwa pamoja.

Mwenye kunitoa kwenye shimo alikuwa mwenzangu yule yule. Alisema turudi kwa lobani. "Mabawa, tutaiomba ku ba ange banene, bale ya kutema mayi. Ndevu, banaweza kusugua."

"Kwa hiyo sasa Mars wako anafaa?"

"Hapana wa kwangu." Akanitazama. "Lakini kama ni lazima mmoja aende kwa mama yako, aende ule ya mashamba. Ule mwingine asipande mu kontena yangu."

Kontena yangu, alisema. Nikalisikia hilo neno, nikaliweka.

Lobani hakuona shida yoyote. Kwa kuongezewa pesa kidogo angemwekea hata mkia. Fundi wake alizitoa ndevu kwa mashine ya msasa, na chini yake kikatoka kidevu cha kawaida kabisa, kama cha mwalimu wa sekondari. Jina likafutwa. Mabawa yakang'olewa kwa malaika mmoja mnene, yakabandikwa kwa gundi na kupigwa rangi ya dhahabu. Tulipokwama ni kwenye shetani. Mikaeli wa kweli anakanyaga joka, nami nikamwonyesha lobani joka la Kichina lililolala kwenye rafu, zuri, jekundu. Alipoelewa kwamba nataka likanyagwe, uso ulimbadilika, akalikumbatia kama mtoto. Joka kwao ni baraka. Basi Mikaeli wetu hakanyagi kitu, amesimama juu ya jiwe tupu.

Nilimtazama alipokamilika, na nitasema kweli, alipendeza. Ila nilijua kilichokuwa ndani. Ni kama kumbatiza mtu bila kumuuliza jina lake la zamani.

Siku ya kupakia tulikuwa kwenye godauni la wakala upande wa Huangpu. Mvua ilikuwa inapiga bati, na vijana wa kupakia walikuwa wamekwenda kula. Desturi yangu ni kuzunguka marobota yangu yote na kugusa alama niliyoshona, kabla mlango wa kontena haujafungwa. Nikiwa nyuma ya rundo nikamwona mwenzangu ameinama juu ya kreti ya Mikaeli, ambayo ilikuwa bado haijapigwa msumari wa juu. Amechana kipande cha kitenge chake, anakizungusha kwenye mkono wa sanamu ulioshika mkuki. Anazungusha, anakaza, anazungusha, na midomo inacheza.

Damu ilinipanda. Nadhiri ya mama yangu, na huyu anaifungia dawa!

"Unafunga nini hapo?"

Alishtuka, lakini mikono hakuitoa.

"Nauliza unafunga nini kwenye sanamu ya mama yangu! Tangu treni unaniuliza kaka yangu yuko wapi. Xintang ukaenda kunisema kwenye simu. Sasa hii. Wewe ni mtu gani?"

Nilitarajia agombe, maana kugomba anajua. Alikaa chini, juu ya robota langu.

"Kulikuwa mji moja ya Bagiriki," alisema polepole. "Soeur alituambia. Balikuwa na sanamu ya ule mungu, balimufunga minyororo ku miguu. Soeur alisema ni juu asibatoroke, nguvu yake ibakie kwao. Miye tangu utoto minaona balikuwa banamwogopa tu. Unamufunga mwenye unaogopa."

"Na wewe unamwogopa?"

"Miye niko na mutoto mu pori."

Sikuelewa mara moja. Akaniambia. Mwanawe wa pili, yule ambaye miaka yote aliniambia yuko Bujumbura anasoma. Hakuna aliyemchukua kwa nguvu. Aliondoka mwenyewe asubuhi moja, akaacha viatu vya shule, akaenda kwa wale wa msituni. Huko mkubwa wao wanamwita Papa, na kijijini wapo wanaomwombea huyo Papa kwa Mungu, kwa sababu analinda mashamba yao. Kijiji cha ng'ambo ya mto wakisikia jina lake wanabeba watoto na kukimbia. "Mutu mmoja," alisema, na akaonyesha kidole kimoja, kisha viwili, kama lobani. Simu ya Xintang ilikuwa ya dada yake. Alikuwa anamuuliza kama kuna aliyesikia kijana yuko upande gani sasa, maana Watanzania wanarudi.

"Sikukuuliza siri ya jeshi, dada. Nilitaka tu kujua pahali. Kama kaka yako ataenda kaskazini, na mutoto yangu iko kusini, nitalala. Kama ni pahali moja..." Akashika ncha ya kitenge. "Ninaomba basikutane. Njo maombi yote. Basikutane."

Mvua iliendelea kupiga bati. Nilimwonea huruma mpaka mwili ukauma. Na hata wakati ule, Mungu anajua, sehemu moja ya kichwa changu ilikuwa bado imezamisha mkono kwenye robota, inapapasa: je, kama si kweli? Je, kama kuna mtu nyuma yake? Haikunyamaza. Nafikiri haitanyamaza mpaka nife.

Nikakaa kando yake juu ya jinzi zangu, nikatoa simu, nikampigia mama. Sumbawanga ilikuwa asubuhi, nikasikia kuku.

"Mikaeli amepakiwa?" hilo ndilo lilikuwa shikamoo yake.

"Yuko kwenye kreti, mama. Mama, kaka ameshaambiwa atapelekwa mji gani?"

Hata kuku nilihisi wamesikia. Mwenzangu alikuwa ananitazama mdomo, na ncha ya kitenge bado iko mkononi mwake. Nilijua kinachokuja, na kikaja.

"Nani anauliza?"

"Mzazi mwenzio, mama," nikasema, na nikampa simu.